Mnyama Ambaye Hatukumwona

Kama hunijui, nikuambie mapema: mimi nina hasira za karibu. Machame wananijua hivyo, na mchungaji wetu akitaka kunitania husema Mama Godlove ana moto wa mabua. Sikatai. Lakini moto wa mabua huzimika upesi, na niliyokuwa nayo juu ya Mwalimu Wenseslaus haikuzimika kwa miaka arobaini na saba. Basi ile haikuwa hasira tena, kilikuwa kinyongo, na nilikilea vizuri kuliko nilivyolea ndama zangu.

Siku hiyo ya soko nilikuwa Kiboriloni, nimeuza ndizi zote isipokuwa mkungu mmoja wa ndizi za mshale ambao kila mteja aliushika, akauminya, akaenda zake. Akaja mama mmoja mwenye kilemba cha kijani, akasimama mbele yangu, wala hakuangalia ndizi.

"Wewe ndiye Aikaeli wa Mzee Ebenezeri?"

"Ndiye mimi. Nani mwenzangu?"

"Naitwa Mektrida. Nauza maharage, natoka Tarakea, Rombo. Nimeambiwa unakaa upande huu, nikasema ngoja nimwone kwa macho yangu mwanamke aliyekataa isale."

Nilidhani amekosea mtu. Kwetu hakuna anayekataa isale. Ni lile jani refu tunalopanda kwenye mipaka ya vihamba, mashamba yetu ya migomba, na kuzunguka makaburi ya wazee wetu. Mtu akikukosea, hata kama amekuchomea nyumba, akikuletea jani hilo limepigwa fundo, unalipokea na maneno yanaishia hapo. Hulifufui kosa upya, hulitaji kanisani, hulisimulii kilabuni. Hata ombi likija na isale halikataliwi; aliyekataa isale hata watoto wake hupata tabu kuoa.

"Mimi sijakataa isale la mtu," nikasema.

"La Mwalimu Wenseslaus. Alimtuma binti yake, Flavia, alilete mpaka kwako. Wiki ya tatu hii hakuna jibu. Mzee ana uvimbe tumboni, madaktari wa hapa Moshi wanamsubiri wampasue, na yeye amegoma. Anasema hawezi kulala juu ya kitanda cha operesheni na isale lake liko nje halijajibiwa. Sasa mama yangu, kama una roho ya jiwe sema tu, wajue moja."

Watu wa pembeni walikuwa wameacha kupima nyanya zao. Nilisikia uso umepata moto. Nikamwachia yule mama ule mkungu wa mshale, nikamwambia ampelekee mzee apikiwe supu ya mtori, nikakunja turubai langu nikaondoka.

Nyumbani nilimkuta Brenda anachanganya pumba. Brenda ni mke wa mwanangu Godlove, mtoto wa Shinyanga, mwema, mchapakazi, ila mambo ya kwetu bado yanampita pembeni. Godlove mwenyewe alikuwa mlimani Kilimanjaro na watalii, ndiyo kazi yake, siku saba hapatikani kwa simu.

"Brenda, kuna dada yeyote kutoka Rombo alifika hapa?"

Akafikiri. "Eeh, mama. Siku ile ulipokuwa kwenye kikao cha akina mama kanisani. Alisema anaitwa Flavia. Akasema nikusalimie."

"Akaleta nini?"

"Hakuleta kitu. Alikuja na jani tu, lile la pale kwenye mpaka. Limepigwa fundo."

"Liko wapi?"

Akaniangalia, akaanza kuona kwamba kuna jambo. "Nililifungua, mama. Nilikuwa nimekata nyasi za ng'ombe sina kamba, nikafungia mzigo."

Nilikaa chini kwenye ndoo. Isale la mzee wa miaka sabini na saba, lililotoka Tarakea mpaka Machame, limefungia nyasi za ng'ombe. Na huyo ng'ombe, kwa jinsi ninavyomjua, alimalizia na kamba. Nilimsema Brenda maneno ambayo sitayarudia hapa. Akalia, nikaona aibu, kwa sababu asiyejua maana haambiwi maana, na mimi ndiye niliyepaswa kumfundisha. Godlove alipomleta hapa nilimwonyesha namna ya kukoroga pombe ya mbege na kumenya ndizi bila kuchafuka utomvu. Isale sikumwonyesha. Nani hufundisha kitu ambacho kila mtu amezaliwa anakijua?

"Huyu mwalimu alikukosea nini?" aliniuliza baadaye, amejifuta machozi.

"Alinifundisha Kiingereza," nikasema.

Akadhani namtania.

Mwaka 1977 nilikuwa Darasa la Saba, na Mwalimu Wenseslaus alikuwa kijana mwembamba kutoka Rombo, Mkatoliki peke yake katikati yetu Walutheri. Lafudhi yake ilitufurahisha sana, tulimwigiza kila alipogeuka ubaoni. Vitabu vya Kiingereza vilikuwa vimekwisha kwa kuchanika. Kilichobaki ni kitabu kimoja kisicho na jalada, ambacho mgeni mmoja alikiacha misheni, na chote, tangu ukurasa wa kwanza mpaka wa mwisho, kilimhusu mnyama mmoja wa Kanada anayeitwa beaver. Sisi tulisema biva.

Biva hana jina kwa Kiswahili, wala kwa Kichagga, kwa sababu hayupo. Pichani alikuwa mnene, ana manyoya, ana meno mawili ya rangi ya chungwa, na mkia bapa kama mwiko wa ugali. Anaangusha miti kwa meno yake, anaziba mto, anajenga nyumba katikati ya maji, na mlango wa nyumba uko chini ya maji. Mwalimu alisema: hiki ndicho kitabu tulichonacho, basi tutakila mpaka mfupa. Na kweli tulikila. Tulijua kwamba Mwingereza akitaka kusema mtu anachapa kazi bila kuinua kichwa, anasema ana-beaver away. Tulijua kwamba mtu wa kimbelembele, yule anayefika shambani kabla ya jogoo na kuuliza kazi nyingine kabla hajamaliza ya kwanza, anaitwa eager beaver, na kwamba hapo haijulikani kama unamsifu au unamcheka, inategemea sauti. Darasani kwetu jina hilo lilikuwa langu. Nilikuwa naketi mbele, mkono uko juu saa zote.

Kuna siku alitueleza habari za kofia. Wazungu wa zamani walivaa kofia za manyoya ya biva, kofia zenyewe nazo zikaitwa beaver, mpaka wanyama wakakaribia kwisha kwa ajili ya vichwa vya watu. Darasa zima tulihuzunika kama tumefiwa. Siku nyingine akatuambia mnyama huyo ana jina lake la zamani, castor, na chini ya mkia hutoa kitu chenye harufu ambacho watu walikifanya dawa. Mafuta ya nyonyo, akasema, kwa Kiingereza yanabeba jina hilohilo, na wapo wanaodhani yalilirithi kwa sababu yalichukua nafasi ya dawa ile. Sisi sote tulikuwa tumenyweshwa nyonyo na mama zetu tumbo likivimba. Shedrack, niliyekaa naye dawati moja, akatangaza kwamba kumbe tumekunywa mkia wa biva, na kipindi kikaishia hapo.

Tulipenda zaidi majina ya mahali. Huko Marekani kuna miji na mito iliyopewa jina la mnyama yule, na Mwalimu alituimbisha kama utingo anavyotaja vituo: Beaver Creek, Beaver Dam, Beaver Falls. Nyuma ya shule ulipita mfongo, mfereji wetu wa kumwagilia, uliochimbwa na babu zetu kutoka mtoni juu. Tukauita Bivakriki. Mpaka leo watu wa upande ule husema naenda Bivakriki kuchota maji. Brenda mwenyewe husema hivyo, alikuta jina linatumika, akadhani ni Kichagga.

Halafu Shedrack akasema neno usilolifanya kwa mikono halikai kichwani. Mwalimu naye, badala ya kumkaripia, akavua viatu. Tulikata migomba iliyokwisha kuzaa, tukakusanya mawe na udongo, watoto arobaini tukaingia kwenye mfongo kuziba maji kama biva. Tuliziba kweli. Maji yakapanda mpaka magotini, na huko chini, shamba la mzee mmoja ambaye ilikuwa zamu yake ya kumwagilia likakauka. Msimamizi wa mfongo alikuwa baba yangu. Akaufuata mfereji kutoka chini akipanda, panga mkononi, akitafuta mwizi wa maji, akamkuta mwalimu wa serikali amekunja suruali, amekumbatia mgomba.

"Mwalimu, hiki ni nini?" baba akauliza.

"Ni Kiingereza, Mzee."

Baba alimtoza pipa la mbege kwa sheria ya mfongo, na alipokuwa akimtoza midomo ilikuwa inamcheza kwa kicheko. Tangu hapo wakawa marafiki. Jumapili jioni Mwalimu alikuwa anakuja kwetu kula kiburu cha ndizi na maharage, na baba alikuwa akimwita Biva. Sijawahi kumwona baba akicheka namna ile na mtu mwingine, hasa mwaka ule, kwa sababu mama alikuwa kitandani tangu Pasaka, mgongo umekataa, na wadogo zangu watatu nilikuwa nawapikia mimi kabla ya kwenda shule.

Nikikumbuka mwaka ule, nasema wazi: sikupata kuwa na furaha kama ile tena. Nilikuwa naamka gizani, nakamua, nakoroga uji, namgeuza mama, halafu nakimbia nikiwa na maneno mdomoni. Nilitaka kuwa nesi. Niliamini nitakuwa.

Kwenye mtihani wa mwisho, karatasi ya Kiingereza ilikuwa na sehemu ya kuandika: eleza kuhusu mnyama unayemfahamu. Wenzangu waliandika ng'ombe. Mimi nilikuwa na ng'ombe wanne nyumbani, nimewakamua asubuhi ileile, lakini maneno niliyokuwa nayo yote yalikuwa ya biva. Nikaandika biva, nikageuza karatasi, nikaendelea nyuma.

Majibu yalipokuja, Mwalimu alikuwa anakaimu ukuu wa shule. Alibandika karatasi mlangoni: mwaka huu shule yetu haikupata mtu wa kwenda sekondari. Nilisoma mara tatu. Shedrack akasema, si kwa ubaya, "Wewe nawe Aikaeli, umeandika mnyama asiyekuwepo. Msahihishaji atakuwa alidhani umetunga." Kila mtu akacheka, na mimi nikacheka. Januari Mwalimu akahamia kwao Rombo, hakuja kuaga. Nikabaki na mama, na wadogo, na ng'ombe.

Ndipo nikaanza kukilea kile kinyongo. Baba alikuwa mwema mno kwangu tangu mwaka ule, aliniletea kitenge kila Krismasi, alinitetea kwa kila mtu, na nilimpenda mpaka nilipomzika. Hakubaki wa kumlaumu isipokuwa biva na yule aliyemleta. Kanisani wakinichagua niwe katibu wa akina mama nilikataa, mara tatu nimekataa, nikisema mimi ni wa Darasa la Saba niliyefeli, tafuteni msomi. Fomu za benki nilimpa Godlove ajaze. Niliamini kuna kitu kimepungua kichwani mwangu, na kwamba mtihani ule ulikiona.

Miaka mitano iliyopita Godlove alirudi kutoka mlimani amenuna. Mgeni kutoka Kanada alimwita eager beaver mbele ya wapagazi, naye hakujua ametukanwa au amesifiwa. Nikamweleza. Nikamweleza na kofia, na nyonyo, na miji yote kwa zamu. Mwanangu akaacha kula.

"Mama, hivi ulijifunzia wapi yote hayo?"

"Palepale nilipofelia," nikamwambia.

Haya ndiyo niliyomsimulia Brenda asubuhi iliyofuata, tukiwa kwenye gari la abiria kuelekea Rombo. Nilimchukua makusudi, kwani aliyefungua fundo lazima awepo. Usidhani nilikwenda kwa kuwa nimesamehe. Nilikwenda kwa kuwa sikutaka mtu afe jina langu likiwa mdomoni mwake, na kwa kuwa isale ni isale. Lakini jambo la ajabu likatokea njiani. Kupita Himo nilikuwa nasimulia kwa ukali. Kufika Marangu Mtoni nilikuwa nimefika kwenye mgomba na suruali iliyokunjwa, Brenda akaanza kucheka, kondakta akacheka, na mimi nikashikwa. Tulipofika Mkuu nilikuwa najifuta machozi ya kicheko. Nikajiuliza: mtu huyu alinikosea nini hasa? Alikuwa na kitabu kimoja. Alitugawia chote. Kama nilifeli, nilifeli na mali nyingi kichwani kuliko waliofaulu. Naapa, tuliposhuka Tarakea nilikuwa nimemsamehe, na haikuwa kwa sababu ya desturi, ilikuwa kwa moyo.

Flavia alitupokea kwa uso uliofungwa. Brenda akapiga magoti pale uwanjani akaeleza habari ya nyasi na ng'ombe, hakuacha hata kidogo, na Flavia alijitahidi kukaza uso akashindwa. Akatuingiza ndani.

Mzee alikuwa kwenye kiti karibu na dirisha, amejifunika blanketi, tumbo limejaa chini yake. Wembamba ulikuwa uleule.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba. Ni nani? Macho haya sasa ni ya kupamba uso tu."

"Aikaeli."

Akashika mikono ya kiti ainuke, Flavia akamzuia. Nikamwomba Flavia aite jirani mmoja ashuhudie, kama inavyotakiwa, akaja mzee mwenzake. Nikasimama katikati ya chumba.

"Mwalimu, isale lako lilifika kwangu. Lilipotea kwa kosa la nyumbani kwangu, si kwa moyo wangu. Nimelipokea. Ulilonikosea limezikwa, sitalifukua mimi, wala mtoto wangu hatalifukua."

Flavia akaleta mbege, Brenda akampa yake kikombeni. Tukanywa kibuyu kimoja, Mwalimu kwanza, halafu mimi. Yule jirani akasema imekwisha, akaaga. Mzee akaanza kulia bila sauti, na Flavia kwa furaha akatoka kupiga simu hospitali, aseme kesho wanakuja.

"Hukuuliza ni la nini," mzee akaniambia.

"Nalijua. Ni la biva."

"La biva?"

"Ile insha. Uliona umetufundisha mnyama mmoja tu, tukaenda kufeli naye. Mwalimu, leo njiani nimecheka mpaka mbavu zimeuma. Usijitese tena. Mimi nilifeli kwa akili yangu."

Akaelekeza uso kwenye sauti yangu.

"Baba yako hakukwambia," akasema. "Mpaka anakufa hakukwambia."

"Kuniambia nini?"

"Aikaeli, hukufeli."

Nilidhani ni uzee. Nikamtazama Brenda, na Brenda alikuwa ameweka kikombe chini.

"Barua ilikuja shuleni," mzee akaendelea. "Ulichaguliwa peke yako, shule nzima. Shule ya wasichana, huko Tanga. Afisa elimu aliniambia insha yako waliisomeana ofisini, wanaitana kutoka chumba hiki na kile waje wasikie. Nilikimbia mpaka kwenu siku ileile, Jumamosi, wewe ulikuwa umekwenda kukata majani. Nikampa baba yako habari. Akanishukuru. Jumapili, baada ya ibada yenu, akaja shuleni ana isale mkononi."

Nikasogea karibu na kiti chake.

"Akaniambia, Mwalimu, mama yao hanyanyuki. Wale wadogo watatu wanakula mkononi mwa huyu. Akienda, nyumba yangu imeanguka. Na mimi nikimzuia, atanichukia mpaka naingia kaburini. Nakuomba barua hiyo isionekane. Acha adhani hakufaulu. Akaniwekea jani mezani. Na mimi ni Mchagga kama yeye. Nilimwomba alichukue, mara mbili nilimwomba. Alikuwa analia, baba yako. Nikalipokea. Nikabandika ile karatasi mlangoni, na nikaomba uhamisho kwa sababu sikuweza kukuangalia unavyochota maji pale Bivakriki. Padri ameniambia Mungu alikwisha kunisamehe zamani, ila mwenye kitu chake yuko Machame. Nilidhani utajua. Nilidhani mzee angekwambia akiwa kitandani, kama watu wanavyofanya."

Nikatoka nje. Nilisimama kwenye banda la ng'ombe wao nikashika mti wa banda kwa mikono yote miwili. Nilitaka kurudi nikamwambie nimekirudisha, kile nilichosema nimekirudisha, kwa kuwa nilisamehe kitu kidogo na nimepewa kikubwa. Lakini mbege ilikuwa bado iko ulimini. Ukishapokea umepokea, hakuna anayepima uzito wa kosa baada ya kunywa. Na huyo mwingine, aliyeniletea kitenge kila Krismasi, yuko chini ya udongo, kaburi lake nimelipanda masale mwenyewe, nikayamwagilia kiangazi chote yasife. Ningemfuata wapi? Nilimkasirikia baba yangu pale bandani kuliko nilivyowahi kumkasirikia mtu yeyote, na wakati huohuo nilimwona mama kitandani, na wale wadogo watatu wakiwa na masufuria yao, na sikujua ningefanya nini kama ningekuwa yeye. Nililia kama mtoto. Yule ng'ombe aliendelea kutafuna.

Brenda akaja akasimama karibu. Hakunigusa, anajua nikiwa hivyo siguswi.

"Miaka arobaini na saba," nikamwambia, "najiita mjinga. Nimejiita mjinga mbele ya wanangu. Nimejiita mjinga kanisani."

"Twende nyumbani, mama?"

"Bado."

Nikanawa uso kwenye ndoo, nikarudi ndani. Mzee alikuwa palepale, kichwa kimeinama, ameshika kile kibuyu kitupu. Aliposikia hatua zangu akasema, "Utalirudisha isale?"

"Siwezi. Unajua siwezi."

"Najua. Ndiyo maana nauliza."

"Kesho nenda hospitali," nikasema. "Nitakuja kukuangalia. Kutoka kwangu mpaka Moshi ni karibu." Sauti yangu haikuwa nzuri, lakini niliisikia yenyewe ikisema hivyo, na nilikuwa namaanisha. "Ila kuna jambo moja nalitaka leo, kabla sijatoka mlangoni kwako."

"Sema."

Nikamvuta Brenda kwa mkono nikamsimamisha mbele ya kile kiti, karibu kabisa, ili mzee asikosee anaongea na nani.

"Huyu ni mke wa mwanangu. Ndiye atakayewalea wajukuu zangu na kuwasimulia habari zangu nikishakwenda. Mwambie yeye."

Mwalimu Wenseslaus akanyoosha mkono akaupapasa mkono wa Brenda, akaushika. Akakohoa, akakaza mgongo kama alivyokuwa akifanya mbele ya darasa.

"Mama mkwe wako alifaulu," akasema. "Shule nzima alifaulu yeye peke yake."

"Rudia," nikasema.

Akarudia.